UZI: Benki ikikosea utaratibu, nyumba inarudi? Tujifunze kwenye mabaraza ya madeni ya India

Kijana_wa_Pune (mwanzisha uzi)

Wakuu salaam.

Wiki iliyopita ndugu mmoja aliuliza humu: benki imemnadia mtu nyumba, baadaye ikaonekana notisi ilikuwa na kasoro, je, nyumba inarudi? Watu wakagawanyika. Wako waliosema utaratibu ndio sheria, mnada unafutwa, kwisha habari. Wako waliosema umekula hela za watu, lipa, acha kutafuta nukta na mkato. Mimi nilinyamaza kwa sababu jibu langu ni refu. Leo Jumamosi, mvua haijakata tangu alfajiri na chai ipo, kwa hiyo naliandika.

Nawapeleka India, kwa sababu mbili. Sheria nimeisomea Pune, na mafunzo ya vitendo niliyafanya kwa wakili ambaye siku nne kati ya tano alikuwa kwenye korido za baraza la madeni. Halafu huko ndiko ulikotoka mwenendo wetu wa madai. Kanuni yao ya 1908 ilitumika Tanganyika enzi za Mwingereza hadi tulipotunga yetu mwaka 1966, na hiyo yetu ukiifungua unaiona sura ya mama yake. Wakili wa Dar akinukuu kesi ya Bombay, hajisifu.

Mabaraza yenyewe, ya kurejesha madeni ya benki, wanayaita DRT (Debts Recovery Tribunal). Kabla yake benki ikimdai mtu ilifungua kesi ya kawaida, ikapanga foleni nyuma ya kesi za mirathi na mipaka ya mashamba. Kamati ya Narasimham ikapendekeza mwaka 1991 yawepo mabaraza maalumu, na sheria ikatungwa 1993. Yako 39, na mabaraza ya rufaa 5: Delhi, Mumbai, Kolkata, Chennai na Allahabad. Deni lilianzia rupia laki 10, na mwaka 2018 kima kikapandishwa hadi laki 20. (Ndiyo, laki. Ni neno lilelile, limekuja na jahazi.) Sheria inalitaka baraza *lijitahidi* kumaliza shauri ndani ya siku 180. Niliyoyaona koridoni yalinifundisha kwamba neno "lijitahidi" limetungwa na mtu mwenye busara sana.

Sasa shikeni kifungu cha 22 cha sheria ile. Kinasema baraza halifungwi na kanuni za mwenendo wa madai, linaongozwa na misingi ya haki ya asili: mtu ajulishwe, asikilizwe, asihukumiwe na mwenye masilahi. Kwa maneno mengine, waliondoa ngazi zote wakabakiza boriti moja. Ugomvi wa miaka 30 iliyofuata ni juu ya boriti hiyo inabeba kiasi gani.

Mahakama Kuu ya Delhi ilianza kwa kuibomoa nyumba nzima. Mwaka 1995 iliitangaza sheria hiyo batili: inagusa uhuru wa mahakama, tena inampa benki nafasi ya kudai bila kumpa mdaiwa nafasi ya kuleta madai yake dhidi ya benki. Serikali ikakata rufaa, na huku rufaa inasubiri, mwaka 2000 kasoro hiyo ya madai kinzani ikarekebishwa. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu (ile ya mwisho kabisa kwao, msiichanganye na Mahakama Kuu) ikasema sheria ni halali. Ushahidi uje kwa viapo, na pale inapohitajika kweli, shahidi aitwe aulizwe maswali.

Katikati hapo kuna kesi ya ICICI dhidi ya Grapco, 1999. Baraza lilitoa amri ya muda ya upande mmoja, mdaiwa hayupo. Mahakama Kuu ya Calcutta ikaifuta ikisema uwezo huo haumo kwenye sheria. Mahakama ya Juu ikairudisha: baraza linaweza kwenda mbali kuliko kanuni za madai, mpaka wake ni haki ya asili tu, na amri ya muda haimnyimi mtu kusikilizwa, inamchelewesha. Niliposoma mara ya kwanza nilikasirika. Nilipoona koridoni jinsi mitambo ya kiwanda inavyoweza kupakiwa kwenye lori usiku mmoja baada ya mdaiwa kupata samansi, hasira ikapungua.

Halafu ikaja sheria kali zaidi, SARFAESI ya 2002. Hii inamruhusu mkopeshaji mwenye rehani achukue mali *bila kwenda mahakamani kwanza*. Anakuandikia notisi ya siku 60. Ukileta pingamizi kwa maandishi, anatakiwa akujibu na sababu, sasa ni ndani ya siku 15. Asiporidhika, anashika mali. Hapo ndipo wewe unakwenda DRT, na una siku 45. Ukiona mpangilio umegeuzwa, umeona vizuri: mdaiwa ndiye anayekuwa mlalamikaji.

Swali la uzi sasa. Utaratibu ukivunjwa, Mahakama Kuu inaingilia?

Uwezo inao. Mwaka 1997 jopo la majaji saba lilisema mamlaka ya Mahakama Kuu kuyachunguza mabaraza, kwa ibara za 226 na 227 za Katiba yao, ni sehemu ya muundo wa msingi; hata Bunge haliwezi kuyafuta mamlaka hayo. Lakini uwezo ni kitu kimoja na kuutumia ni kingine. Mwaka 2010, kwenye kesi ya United Bank of India, Mahakama ya Juu ilizikemea Mahakama Kuu waziwazi: sheria imeweka DRT, juu yake baraza la rufaa, kwa nini mnawapokea watu wanaoruka ngazi zote na kuja kwenu kuomba zuio? Karipio hilo limerudiwa 2018, 2022 na 2023, jambo linalokuonyesha kwamba halisikiki sana.

Milango ya dharura ipo: umehukumiwa bila kusikilizwa kabisa, au aliyekuhukumu hana mamlaka, au haki ya kikatiba imevunjwa. Nje ya hapo, rudi DRT.

Na hata ukiingia, kuna swali la pili ambalo watu wa "utaratibu ni sheria" hawalipendi. Kesi ninayoipenda kuliko zote ni ya ITC na Blue Coast Hotels, 2018. Hoteli ya kifahari Goa, ufukweni. Wenyewe walikopa kwa taasisi ya fedha ya IFCI rupia bilioni 1.5, wakashindwa. IFCI ikatoa notisi. Wadaiwa wakaandika barua ya pingamizi. IFCI *haikujibu*, na sheria inasema ijibu. Miaka ikapita, hoteli ikanadiwa, kampuni ya ITC ikainunua kwa rupia bilioni 5.15 na ushee. Mahakama Kuu ya Bombay ikafuta kila kitu kwa sababu ya barua ile isiyojibiwa.

Kule juu wakasema hivi: kujibu pingamizi ni lazima, si hiari. Watu wa utaratibu wakapiga makofi. Kisha wakaendelea: lakini huyu mdaiwa alipewa nafasi kulipa, akaahidi, akavunja, akapewa tena, akaahidi, akavunja. Pingamizi lake kwa vitendo lilizingatiwa, ukimya wa barua haukumdhuru. Mnada umesimama. Makofi yakahamia upande wa pili wa ukumbi. (Walijaribu pia kusema sehemu ya ardhi ile ni shamba, kwa kuwa shamba haliguswi na sheria hiyo. Ardhi ya hoteli! Hawakusikilizwa.)

Kwa hiyo msimamo wangu ni huu, mnipige mawe: kosa la utaratibu linaokoa nyumba likitajwa mapema na mtu aliyedhurika nalo. Likitolewa sandukuni baada ya mnada, na mtu ambaye alikuwa anajua, huwa ni karatasi tu.

Nawasilisha.

---

Dalali_Mstaafu

Mkuu umeandika vizuri ila umetupendelea sisi wa nyundo, sikutegemea. Nimepiga minada miaka mingi kabla magoti hayajagoma. Nikwambie, mdaiwa mwenye hoja ya kweli utamjua: anakuja kabla ya siku ya mnada, ana bahasha mkononi, ametokwa jasho. Asiye na hoja anakuja na mganga.

Swali: huko hakuna mnada uliowahi kufutwa kwa notisi tu?

Kijana_wa_Pune

Upo mzee wangu, na ni mkubwa. Uamuzi wa 2014. Kanuni zao zilitaka siku 30 kamili kati ya notisi ya mauzo na mauzo yenyewe. Benki ilitoa notisi safi, tarehe ikafika, mauzo yakaahirishwa *kwa ombi la mdaiwa mwenyewe*. Baadaye mali ikauzwa bila notisi mpya. Mahakama ya Juu ikasema mauzo ni batili: kila mauzo na siku zake 30, kwa sababu zile siku ndizo nafasi ya mwisho ya mtu kukomboa mali yake. Kelele za mabenki zilikuwa kubwa, na 2016 kanuni ikabadilishwa: mnada wa kwanza ukikosa mnunuzi, wa pili notisi yake siku 15.

Linganisha na Blue Coast. Barua isiyojibiwa haikumpotezea mtu nafasi ya kukomboa. Siku 30 zisizotolewa zinaipoteza. Tofauti ni hiyo, haiko kwenye ukubwa wa kosa.

BintiMtoni

Samahani mimi si mwanasheria, nasoma kwa ajili ya kaka. Kama mtu ni MDHAMINI tu, hajala hata shilingi, nayo benki inaanza naye yeye badala ya aliyekopa, si hilo ni kosa la utaratibu?

Kijana_wa_Pune

Dada, swali lako ndilo lile la kesi ya 2010 niliyoitaja. Mdhamini aliweka nyumba rehani kwa mkopo wa duka la picha la mtu mwingine, Allahabad. Mkopaji alipokwama benki ikaiendea nyumba. Mdhamini akaruka hadi Mahakama Kuu, nayo ikaizuia benki isimguse mpaka imalizane na mkopaji. Mahakama ya Juu ikaifuta amri hiyo. Dhima ya mdhamini iko sambamba na ya mkopaji, labda mkataba useme vingine, na malalamiko yalitakiwa yaende DRT.

Sheria ya mikataba ya India ya 1872 ndiyo inayosema hivyo, na yetu ya Tanzania katika hilo ni ndugu yake wa tumbo moja. Mwambie kaka asome mkataba wa udhamini neno kwa neno, hasa sehemu ambazo alisaini akiwa amesimama.

BintiMtoni

Alisaini kwenye boneti ya gari 😔

Wakili_wa_Kibanda

Mtoa mada umeruka jambo moja, nalo kwangu ndilo kubwa kuliko hizo notisi. FEDHA YA KUWEKA. Mtu anaambiwa "una haki ya rufaa", kisha anaambiwa aweke nusu ya deni ndipo asikilizwe. Aliyeshindwa kulipa deni ataitoa wapi nusu yake?

Kijana_wa_Pune

Hapo umenishika, na sina ubishi. Kwa wasiojua: SARFAESI ilipotoka, hata kuingia DRT kwa mara ya kwanza ulitakiwa uweke asilimia 75 ya kinachodaiwa. Kesi ya Mardia Chemicals, 2004, ikaliondoa sharti hilo. Hoja ilikuwa nyepesi na tamu: huyu hajahukumiwa na yeyote, anakuja kwa mara ya kwanza kulalamika, hii si rufaa bali ni kama kufungua kesi, na mali yake tayari imeshikwa. Kumdai robo tatu mlangoni ni kumfungia mlango. Kesi hiyohiyo ndiyo iliyoleta ule wajibu wa kujibu pingamizi la mdaiwa.

Lakini kwenye rufaa, sharti limebaki: asilimia 50, na baraza la rufaa linaweza kupunguza hadi 25, si chini ya hapo. Mwaka 2011 mtu aliomba asamehewe lote, Mahakama ya Juu ikasema hapana, hakuna anayeweza kusamehe.

Sasa ukae uone jinsi mambo yanavyoungana. Ukitaka kujua kwa nini watu wanaruka DRT kukimbilia Mahakama Kuu, acha hotuba za "matumizi mabaya ya mahakama." Mahakama Kuu haidai asilimia 25. Yule wakili wangu wa Pune alikuwa akisema mteja haogopi kushindwa, anaogopa kaunta ya keshia.

Wakili_wa_Kibanda

Basi hiyo kemeo ya 2010 inamkemea maskini.

Kijana_wa_Pune

Inamkemea na tajiri aliyejificha nyuma ya maskini. Wote wanapita mlango mmoja.

Nyeri2Mombasa

Hapa Kenya tuko na shida ya siku pia, ila ni upande wa korti. Small Claims, zile korti za madai madogo yasiyozidi shilingi milioni moja, sheria yake ya 2016 inasema hukumu itolewe ndani ya siku 60 tangu kesi ifunguliwe. Rufaa inaenda High Court kwa pointi za sheria peke yake, na hapo ndio mwisho. Sasa jamaa anashinda kesi, hukumu inasomwa siku ya 75 kwa sababu hakimu alikuwa na kesi mia, aliyeshindwa anakata rufaa: hukumu ni bure, siku zimepita! Majaji wetu wametofautiana kwa hilo, kuna wenye wamefuta na kuna wenye wamesema mdai hawezi kuadhibiwa kwa kuchelewa kwa korti. Huko India wanafanyaje na hizo 180?

Kijana_wa_Pune

Kwao ni rahisi, kwa sababu ya lile neno "lijitahidi". Siku 180 zikipita, shauri linaendelea. Yenu haikuandika "ijitahidi", ndiyo maana mnapigana. Binafsi nipo na wale wa pili. Aliyechelewa ni korti, na anayenyang'anywa ushindi ni mwenye duka aliyesubiri hela yake ya saruji.

Lakini siku za *mtu* ni habari nyingine, na hapa India wana ukali wa ajabu. Ukikata rufaa dhidi ya amri ya ofisa mkusanya madeni wa DRT una siku 30, na mwaka 2017 ilisemwa DRT haina uwezo wa kukuongezea hata siku moja. Wakati miaka miwili kabla, 2015, ilisemwa rufaa za SARFAESI kwenye baraza la rufaa zinaweza kuongezewa muda kwa sababu nzuri. Jengo moja, ghorofa mbili, saa mbili tofauti ukutani.

Dalali_Mstaafu

Na baraza lenyewe likiwa halina mtu? Maana kwetu ilitokea baraza la ardhi halina mwenyekiti miezi na miezi, watu wanakuja wanakaa kwenye benchi wanaondoka.

Kijana_wa_Pune

Ilitokea, na kwa ukubwa. Mwaka 2021 DRT nyingi zilikuwa hazina wenyeviti. Desemba mwaka huo Mahakama ya Juu yenyewe, ile iliyokuwa ikifukuza watu, ikaziomba Mahakama Kuu ziyapokee mashauri ya SARFAESI kwa muda, mpaka nafasi zijazwe. Huwezi kumwambia mtu "nenda mlango ule" na mlango ule umepigwa misumari.

Wakili_wa_Kibanda

Tuje kwa mnunuzi. Mimi nimenunua mnadani, nimelipa, halafu mdaiwa anatokea na hela zote pamoja na riba. Nani anabaki na nyumba?

Kijana_wa_Pune

Celir dhidi ya Bafna Motors, Septemba 2023. Minada iliyotangulia ilikosa mnunuzi. Mwisho Celir akashinda kwa rupia bilioni 1.05. Mdaiwa akaamka, akasema nalipa bilioni 1.29, zaidi ya bei ya mnada. Benki ikaona faida, Mahakama Kuu ya Bombay ikaridhia. Mahakama ya Juu ikakataa: tangu marekebisho ya 2016, haki ya kukomboa inakoma tangazo la mnada likishachapishwa. Na mahakama haiwezi kutumia huruma kuipita sheria, kwa sababu siku watu wakijua mnada unaweza kubatilishwa na mwenye hela nyingi zaidi, hakuna atakayekuja mnadani tena.

Kwetu kuna ulinzi wa mnunuzi wa nia njema kwenye Sheria ya Ardhi, kifungu cha 135. Ndiyo maana nawaambia msisubiri nyundo ilie.

BintiMtoni

Kaka Pune, naomba nisikuchoshe. Mnada wa kaka umetangazwa kwenye gazeti la leo, ni siku tisa kuanzia leo. Na notisi ya kwanza ilitumwa sanduku la posta la zamani, hatukuiona. Tumeona gazeti tu, jirani ndiye aliyelileta.

Dalali_Mstaafu

Siku tisa? Tangazo la mnada wa nyumba kwa sheria yetu ya wauza mnada halipungui siku 14. Piga picha gazeti hilo, tarehe ionekane.

Kijana_wa_Pune

Mzee kasema. Na notisi kwa aliyeweka rehani, deni lisipolipwa, ni siku 60 tangu aipokee, kwa hiyo tafuteni ushahidi wa lini mlibadilisha anwani na kama benki ilijulishwa. Barua, hata ujumbe wa simu. Hapa mna hoja mbili na bado mna siku tisa, hiyo ni mali. Jumatatu saa mbili asubuhi muwe ofisini kwa wakili, aombe zuio la muda kabla ya mnada. Na kama kaka na mkopaji wana chochote mkononi cha kupunguza deni, kiende benki kwa maandishi siku hiyohiyo, jaji ataliuliza hilo kabla ya kuuliza habari za posta.

Uko mkoa gani?

BintiMtoni

Tanga.

Wakili_wa_Kibanda

Niko Tanga. Angalia ujumbe wako wa pembeni. Aje na mkataba wa udhamini, hata ule wa kwenye boneti.